Gyeongju kwa siku moja: ondoka Seoul asubuhi na treni ya kasi, rudi usiku

Ukiwa Seoul na umebakiwa na siku moja ya kutembea nje ya jiji, panda treni uende Gyeongju. Wageni wengi hukimbilia Busan kwa kuwa jina lake wameshalisikia, na Busan ni pazuri kweli, lakini ni jiji kubwa linalodai siku tatu. Gyeongju ni mji mdogo. Ulikuwa makao ya wafalme wa Silla, dola ya kale ya Korea, kwa karibu miaka 1,000, mpaka ufalme ulipoanguka mwaka 935, na yale makubwa uliyoyaacha unaweza kuyaona kati ya asubuhi na usiku wa siku hiyohiyo.

Sharti ni moja: mpangilio. Mara yangu ya kwanza nilianza na vya mjini kwa sababu ndivyo vilivyo karibu, nikazubaa kwenye makaburi ya wafalme hadi alasiri, na nilipofika kwenye hekalu la mlimani nikakuta lango linafungwa. Mwaka uliofuata mama mdogo alikuja kunitembelea kutoka Tanga, nikampeleka kwa mpangilio wa kinyume: mlimani asubuhi, mjini mchana, bwawani usiku. Siku ilitutosha na ikabaki. Ndio mpangilio ninaokupa hapa.

Hatua ya kwanza: tiketi, na uanze na ya kurudi

Treni ya kasi ya Korea inaitwa KTX na inaendeshwa na shirika la reli la Korail. Ilianza safari tarehe 1 Aprili 2004, kwa teknolojia ya TGV, treni ya kasi ya Ufaransa, na inakwenda hadi kilomita 305 kwa saa. Kutoka Seoul hadi Gyeongju ni saa mbili na dakika chache. Basi la kawaida huchukua karibu saa nne kwenda tu, na kwa safari ya siku moja hiyo ni nusu ya siku imekwisha barabarani.

Tiketi zinafunguliwa mwezi mmoja kabla. Nunua kwenye tovuti ya Korail, ina ukurasa wa wageni na inapokea kadi za benki za nje, au kwenye programu yao ya simu. Nauli ya daraja la kawaida ni karibu won 50,000 (won ni pesa ya Korea) kwenda, na kiasi hichohicho kurudi.

Kata tiketi ya kurudi kwanza, kisha ya kwenda. Nasema hivi kwa sababu treni za asubuhi ziko nyingi, lakini zile za usiku kuelekea Seoul, hasa Jumapili, hujaa mapema, na watu wa Gyeongju wenyewe wanazitegemea kurudi kazini. Mimi hupenda treni ya mnamo saa tatu au saa tatu na nusu usiku. Ukikata ya saa kumi na mbili jioni utakuwa umejinyima kitu kizuri kuliko vyote, utaona huko mbele. Epuka pia siku za Seollal, mwaka mpya wa kalenda ya mwezi, na Chuseok, sikukuu ya mavuno. Nchi nzima inarudi kwao siku hizo na viti huisha mara tu mauzo yanapofunguliwa.

Jina la stesheni linachanganya watu. Stesheni ya KTX iliitwa Singyeongju hadi Desemba 2023, ndipo ikapewa jina la Gyeongju. Maelezo na video za zamani bado zinasema Singyeongju, ni palepale. Stesheni kongwe iliyokuwa katikati ya mji ilifungwa mwaka 2021, kwa hiyo mtu akikuambia kwamba stesheni iko hatua chache kutoka makaburi ya wafalme, anakueleza mambo yaliyopita.

Angalia pia unaondokea wapi. Treni za KTX za njia hii kwa kawaida huanzia Stesheni ya Seoul, katikati ya jiji. Za SRT, treni nyingine ya kasi, mara nyingi huanzia Suseo, upande wa kusini. Ni stesheni mbili zilizo mbali, na kwenda isiyo yako ni kuikosa treni.

Halafu kuna suala la saa, na hili nawaambia ndugu zangu wa Kiswahili hasa. Tiketi imeandikwa kwa saa 24. Ikisomeka 07:00 ni saa moja asubuhi, ikisomeka 21:00 ni saa tatu usiku. Mama mdogo alinionyesha jambo ambalo sikuwahi kuliwaza: Korea iko mbele ya Afrika Mashariki kwa saa sita, na sisi husoma saa kwa tofauti ya saa sita. Basi saa ya mkononi iliyowekwa Tanga, usipoigusa, inakusomea saa za Kiswahili za Korea kwa namba. Treni ya 07:00 ilipokuwa inaondoka, saa yake ilionyesha saa moja kamili, na ndivyo ilivyokuwa. Akaiacha hivyo safari nzima.

Hatua ya pili: siku moja kabla

Pata kadi ya T-money kwenye duka lolote dogo la saa 24, kama GS25 au CU, uijaze pesa taslimu. Kadi hiyohiyo unayogusisha kwenye treni za chini ya ardhi za Seoul inafanya kazi kwenye mabasi ya Gyeongju. Weka kwenye simu ramani ya Naver au ya Kakao, kwa sababu ramani ya Google nchini Korea haikuongozi vizuri kwa miguu. Weka na Papago ya kutafsiri. Vaa viatu vya kutembelea, kwa kuwa utatembea kilomita kadhaa, na beba koti hata kama ni masika: bwawani usiku pana baridi yake.

Ukiwa na uhuru wa kuchagua tarehe, mwisho wa Machi na mwanzo wa Aprili ni wakati wa maua ya micheri, na kuanzia mwisho wa Oktoba hadi katikati ya Novemba majani ya miti ya Bulguksa, lile hekalu la mlimani, yanageuka mekundu. Mwisho wa Juni na Julai ni mvua za jangma. Si kwamba hapatembeleki, ila mwamvuli hautoki mkononi.

Hatua ya tatu: kupanda treni

Fika Stesheni ya Seoul nusu saa kabla. Ukitokea hotelini, njia namba 1 na namba 4 za treni ya chini ya ardhi zinakufikisha. Ukitokea moja kwa moja uwanja wa ndege wa Incheon, kuna reli ya AREX. Jengo zuri la matofali mekundu lenye kuba utakaloliona pembeni ni stesheni ya zamani ya mwaka 1925, siku hizi ni ukumbi wa sanaa. Wewe ingia jengo kubwa la vioo.

Ndani tafuta ubao wa treni zinazoondoka. Soma namba ya treni yako, siyo mahali inapokwenda, maana ubao utakuwa umeandika Busan, mwisho wa safari, na Gyeongju ni kituo cha njiani. Namba ya jukwaa huonekana muda mfupi kabla ya kuondoka. Hakuna geti la kukagua tiketi. Unashuka ngazi hadi jukwaani, unatafuta namba ya behewa iliyochorwa chini sakafuni, unasimama hapo. Mgeni hujikuta anatafuta mtu wa kumwonyesha tiketi na hamwoni. Mkaguzi hupita ndani ya treni na kifaa chake kinachomwonyesha viti vilivyouzwa, na ukikaa kwenye kiti chako huenda asikusemeshe kabisa. Kaa kwenye kiti chako.

Kiamsha kinywa nunua stesheni, kwa sababu ndani ya treni hakuna anayepita na chakula. Kimbap, wali uliokunjwa kwenye mwani na kukatwa vipande, ni rahisi na inashibisha. Kwa Waislamu: tazama katikati ya kipande. Ukiona ukanda wa rangi ya waridi, hiyo ni hemu, na mara nyingi ni ya nguruwe, hata kwenye kimbap ya samaki jodari. Neno la nguruwe ni "dwaeji". Likumbuke, litakufaa siku nzima.

Ukipanda KTX ya kizazi cha kwanza, viti vya daraja la kawaida havigeuki. Nusu ya behewa inatazama mbele na nusu inatazama nyuma, na wanakutana katikati kwenye meza. Anayechefuka achague kiti cha kutazama mbele wakati wa kukata tiketi. Kwenye KTX-Sancheon viti vinageuka. Hiyo Sancheon ina udugu na sisi: imetengenezwa na Hyundai Rotem, kampuni ileile iliyotengeneza treni ya Mchongoko inayokwenda Dar es Salaam hadi Dodoma. Mchongoko kasi yake ya juu ni kilomita 160 kwa saa. Mama mdogo alikuwa ameshaipanda, na alipoiona pua ya Sancheon inaingia jukwaani akasema, "Huyu si mgeni."

Dakika za mwanzo treni inatambaa, kwa sababu ndani ya Seoul inatumia reli za zamani. Usikate tamaa. Ikishapita kuelekea Gwangmyeong inaingia kwenye reli yake yenyewe, na hapo ndipo utasikia masikio yanaziba kwenye mahandaki. Tazama skrini za juu, zinaonyesha kasi. Baada ya Daejeon na Dongdaegu, kinachofuata kwa treni nyingi ni Gyeongju. Simama mapema ukiwa na mzigo. Treni haikai stesheni zaidi ya dakika moja au mbili.

Hatua ya nne: kutoka stesheni moja kwa moja hadi Bulguksa

Stesheni iko nje ya mji, katikati ya mashamba na vilima. Usiingie mjini. Nenda kwanza kwenye dawati la watalii lililomo ndani ya stesheni, chukua ramani ya karatasi, na uulize basi la Bulguksa la siku hiyo, wakuandikie namba. Basi huchukua kama saa nzima na nauli haifiki won 2,000. Teksi ni zaidi kidogo ya nusu saa na gharama yake ni karibu won 30,000. Mkiwa watatu au wanne, chukueni teksi. Hapa pesa inanunua muda wa asubuhi, na muda wa asubuhi ndio wenye thamani siku hii.

Hatua ya tano: Bulguksa, bila haraka

Ujenzi wa hekalu hili la Kibuddha ulianza mwaka 751. Majengo ya mbao yaliteketezwa katika vita vya Wajapani, mwishoni mwa karne ya 16, na mengi unayoyaona yamejengwa upya kati ya 1969 na 1973. Mawe ni ya kale. Mwaka 1995 UNESCO ililiweka kwenye orodha ya urithi wa dunia pamoja na pango la Seokguram lililo juu yake mlimani. Tangu Mei 2023 kuingia ni bure.

Watu hupiga picha ngazi za mbele na kupita. Usipite. Ngazi zile ni 33, haziruhusiwi kukanyagwa, utaingilia pembeni. Lakini kabla ya kuingia sogea karibu na ukuta wa mawe unaobeba hekalu, uiname uangalie pale chini. Mawe ya safu ya chini ni ya asili, yana mabonde na nundu kama yalivyotoka mlimani. Juu yake yamelazwa mawe yaliyochongwa. Fundi hakulisawazisha jiwe la chini ili la juu likae. Alilichonga jiwe la juu, upande wake wa chini, lifuate kila bonde na kila nundu ya lile la asili, mpaka yakakumbatiana. Pitisha macho kwenye mstari wa maungio yao: unapinda na kupanda kama mstari wa maji ufukweni. Bila saruji, na katika nchi inayotetemeka. Nimesimama pale mara nne sasa na bado sijachoka kuutazama mstari ule.

Ndani ya ua kuna minara miwili ya mawe inayotazamana. Mmoja, Seokgatap, ni mtulivu na umenyooka, hauna pambo. Mwaka 1966 walipokuwa wanaukarabati walikuta ndani yake karatasi ya maandiko ya Kibuddha iliyopigwa chapa kwa ubao wa kuchonga, mojawapo ya maandishi ya chapa ya kale zaidi yaliyosalia duniani. Mwingine, Dabotap, umejaa ngazi, nguzo na vizingiti, utadhani umechongwa kwa mbao. Walikuwepo simba wanne wa mawe kwenye pembe zake, amebaki mmoja.

Kabla ya safari, tafuta sarafu ya won 10. Siku hizi hazitumiki sana, lakini ukiomba chenji kwenye duka kubwa utaipata: ndogo, nyepesi, ya rangi ya shaba. Ukifika mbele ya Dabotap itoe, unyooshe mkono mbele ya jicho moja. Mnara uliochorwa kwenye sarafu ndio huo uliosimama mbele yako. Mama mdogo aliipanga sarafu mpaka paa la mnara mdogo likaingia juu ya paa la mnara mkubwa, akakaa hivyo kimya kwa muda. Sarafu ile ameitundika kwenye ufunguo wa nyumba yake.

Hekalu ni mahali pa ibada. Vua viatu ukiingia kwenye kumbi, usipige picha sanamu zilizo ndani, na pita milango ya pembeni, maana ule wa katikati ni wa watawa.

Hatua ya sita: Seokguram, kama miguu inataka

Juu ya mlima uleule kuna sanamu ya Buddha ya graniti, ameketi, urefu wake kama mita tatu na nusu, ndani ya chumba cha duara chenye kuba ya mawe. Unafika kwa basi dogo linalopita takriban mara moja kwa saa, au kwa njia ya miguu ya kilomita 2 na ushee kutoka Bulguksa, kupanda tu. Sanamu unaiona nyuma ya kioo na picha haziruhusiwi. Sababu ya kioo ni ya kusikitisha: mwanzoni mwa karne iliyopita wakarabati wa utawala wa Kijapani waliifunika kwa zege, pango likashindwa kupumua, unyevu ukaanza kuyala mawe.

Ukikuta basi linaondoka ndani ya dakika 20, nenda. Ukikuta limeondoka sasa hivi, achana nalo. Mzee au mwenye watoto wadogo aiache Seokguram bila majuto. Saa moja na nusu itakayobaki itamfaa zaidi mjini.

Hatua ya saba: chakula cha mchana

Nje ya lango la Bulguksa pana mikahawa mingi. Mbele yako utaletewa bibimbap, wali na mboga za kuchanganya, au mchuzi wa tofu laini uitwao sundubu, pamoja na visahani vya kachumbari visivyolipiwa. Chakula cha watu wawili hakizidi won 30,000. Sundubu mara nyingi huwekewa chaza au nyama ya nguruwe kidogo, kwa hiyo sema mapema: "Dwaeji gogi bbae juseyo", usiweke nyama ya nguruwe. Bibimbap ya mboga na yai ndiyo salama zaidi. Msikiti hautaupata karibu, lakini pembe tulivu ya bustani haikosekani. Kibla kutoka hapo ni magharibi, ukiegemea kaskazini kidogo.

Hatua ya nane: basi namba 10 au 11 hadi makumbusho

Mabasi haya mawili yanazunguka kati ya mji na Bulguksa, moja kwa upande huu na jingine kwa upande ule. Linalopita makumbusho haraka ndilo unalolitaka. Kabla ya kugusisha kadi muulize dereva, "Bangmulgwan?" Akiitikia kwa kichwa, panda.

Makumbusho ya Taifa ya Gyeongju ni bure na kwa kawaida hufungwa saa kumi na mbili jioni. Ukiwa na saa moja tu, fanya mambo mawili. La kwanza ni kengele ya Mfalme Seongdeok, uani. Ilikamilika mwaka 771, ina uzito wa tani karibu 19 na inamzidi mtu mrefu mara mbili. Wakorea wanaiita Emille. Hadithi yao inasema kengele ilikataa kulia mpaka mtoto alipotiwa kwenye shaba iliyoyeyuka, na tangu hapo mlio wake unamwita mama. Ni hadithi tu, lakini wanaisimulia kwa sauti ya chini. Kengele yenyewe kwa kawaida haigongwi, ili isipasuke. Hupigwa sauti yake iliyorekodiwa. Ingoje. Mlio unaanza kama pigo, halafu unabaki hewani unapanda na kushuka, kama kitu kinachopumua.

La pili ni dhahabu ya Silla: mataji yenye matawi kama ya mti, yaliyoning'inizwa vipande vya jiwe la kijani vyenye umbo la mkia. Kwenye kabati za vitu vya makaburini tafuta pia vioo. Vyombo vya kioo vya ulimwengu wa Warumi vilifika huku kabla ya karne ya 6, vikazikwa na wafalme. Aliyewahi kutembea Kilwa Kisiwani au Gedi na kuona vigae vya Kichina atahisi yuko kwenye habari anayoijua, ila safari hii anaisoma kutoka mwisho wa pili wa njia.

Hatua ya tisa: kwa miguu hadi kwa wafalme

Toka makumbusho, lipite bwawa la Wolji bila kuingia, utalirudia, na uendelee dakika kama 15 hadi Cheomseongdae. Ni mnara wa mawe wa kutazamia nyota, urefu wa mita 9 hivi, wenye umbo la chupa, uliojengwa wakati wa Malkia Seondeok aliyetawala kati ya 632 na 647. Una safu 27 za mawe na dirisha moja linalotazama kusini. Tarehe 12 Septemba 2016 Gyeongju ilipigwa na tetemeko la 5.8. Mnara uliyumba, ukainama kidogo, ukabaki umesimama.

Mbele kidogo ni Daereungwon, bustani yenye makaburi 23. Usitarajie mawe ya kaburi. Ni vilima, mviringo na vya majani, virefu kama nyumba za ghorofa, vimekaa katikati ya mji na watoto wa shule wanapita kati yake. Kikubwa kuliko vyote, Hwangnamdaechong, ni vilima viwili vilivyoungana, urefu wa mita 120 na kwenda juu mita 23. Kuingia bustanini ni bure.

Lipa won 3,000 uingie Cheonmachong, kilima ambacho unaweza kuingia tumboni mwake. Mwaka 1973 serikali ilitaka kukichimba Hwangnamdaechong, na wataalamu wakaomba wajaribu mikono kwanza kwenye kaburi dogo la jirani. Hilo dogo la majaribio likatoa taji la dhahabu, maelfu ya vitu vingine, na kipande cha gome la mti kilichochorwa farasi mweupe anayeruka, ndiye aliyelipa kaburi jina lake. Ukiwa ndani utaona lilivyojengwa: chumba cha mbao kwa ajili ya maiti, juu yake lundo kubwa la mawe ya mtoni, juu ya mawe udongo, kisha majani. Mbao zilipooza, mawe yaliporomoka yakaziba kila kitu. Mwizi akichimba, mawe yanamwangukia. Ndiyo sababu makaburi ya Silla yalitufikia na dhahabu yake.

Nje ya bustani kuna mtaa wa Hwangridan-gil wenye mikahawa kwenye nyumba za kizamani. Pumzisha miguu hapo. Kuna mkate wenye umbo la sarafu ya won 10, una jibini ndani, unauzwa wa moto. Lakini zawadi ya kurudi nayo ni hwangnam-ppang, vikeki vidogo vilivyojaa maharage mekundu matamu, vinavyookwa mjini hapa tangu 1939. Nunua boksi.

Hatua ya kumi: Wolji giza likiingia

Juni jua linazama mnamo saa moja na dakika 40 usiku, Desemba ni saa kumi na moja na ushee jioni. Uwe langoni nusu saa kabla. Kiingilio ni won 3,000 na hufungwa saa nne usiku.

Mfalme Munmu alilichimba bwawa hili mwaka 674, kando ya jumba la mrithi wake. Silla ilipoanguka likaachwa, mabata na mabata bukini wakalimiliki, watu wakaliita kwa jina lao, Anapji. Mwaka 1975 maji yaliondolewa na kwenye tope vikatoka vitu kama 30,000. Kimoja kilikuwa dadu la mbao la pande 14, la kuchezea kwenye karamu, kila upande una amri: kunywa vikombe vitatu kwa mkupuo, cheza bila muziki. Dadu lenyewe liliungua wakati wa kulikausha, lililopo ni nakala.

Zunguka kwa kufuata ukingo, polepole. Waliolichimba walilipinda makusudi: hakuna mahali utakaposimama ukaliona bwawa lote, ukidhani limeisha linafunguka tena nyuma ya kona. Taa zikishawaka, majumba matatu yanaonekana mara mbili, juu na ndani ya maji. Upande wa mbali, ng'ambo ya majumba, ndiko picha zinakotoka vizuri. Msongamano wa watu uko langoni. Ukisonga dakika tano unabaki na vyura tu.

Hatua ya mwisho: kurudi

Toka bwawani saa moja na robo kabla ya treni. Teksi kutoka hapo hadi stesheni ni dakika 20 hadi 25 na haifiki won 20,000. Mabasi yapo, ila usiku hupungua, na huu si wakati wa kubahatisha. Mwonyeshe dereva tiketi yako kwenye simu ili aone ni stesheni ya KTX. Ukiona umechelewa kweli, badilisha tiketi kwenye programu kabla treni haijaondoka. Makato huwa madogo, ikishaondoka yanapanda.

Kwa jumla, treni, mabasi, teksi moja, chakula na viingilio, tenga won 150,000 kwa mtu mmoja. Boksi la vikeki ni nje ya hiyo, na lifunge vizuri kwenye mfuko: letu tulilifungua Daejeon, na tulipofika Seoul saa tano na nusu usiku lilikuwa limebaki na viwili.